Mvua ya Maziwa

Juzi mwanangu kamwaga maziwa ya unga kwenye roshani yetu hapa Al Nahda, Dubai, na sakafu ilivyokuwa ya moto, harufu ikaingia mpaka sebuleni. Nikaacha simu inaita, nikasimama na ufagio mkononi bila ya kufagia. Mume wangu, kochini, akaniuliza nina nini. Nikamwambia nanusa mvua. Akacheka, akarudi kwenye simu yake.

Utotoni kwangu, jamani, mvua ilinukia maziwa. Tulikuwa tukikaa Satwa, mji huu huu, nyumba ya chini yenye ua, nyuma ya maduka ya mafundi cherehani. Babu yangu mzaa baba aliondoka Unguja ujanani na meli, akateremkia Italia, akaajiriwa kwenye sinema. Msidhani aliigiza, sura yake haikuonekana hata mara moja. Kazi yake ilikuwa kunyesha mvua. Alipanda juu ya jukwaa la mbao na mpira wa maji, waigizaji chini wakiagana huku wanalowa, yeye juu mkavu kabisa. Maji waliyachanganya na maziwa, kwa sababu maji matupu kamera ilikuwa haiyaoni vizuri. Aliporudi kwao, baba yangu keshaota ndevu.

Baba alipopata kazi Dubai akawaleta wazee wote wawili, na ndipo Bibi, aliyeachwa Unguja na mtoto miaka yote ile, alipojikuta nyumba moja na mumewe tena. Hakutulia. Sanduku lake lilikaa mlangoni limefungwa kamba, na kila asubuhi alilifungua, akakunja upya nguo zile zile, akalifunga. "Nchi gani hii hainyeshi," akisema. "Mimi n'narudi kwetu." Nikilala naye chumba kimoja, nikiamka jicho langu la kwanza ni kwenye sanduku. Nilimpenda kuliko mtu yeyote mle ndani, na roho yangu ilikuwa juu juu kutwa.

Siku moja akamwambia Baba amkatie tiketi. Babu alisikia. Alasiri akanituma dukani nikalete kopo kubwa la maziwa ya unga. Tukayakoroga kwenye ndoo, akapanda nayo ngazi, akayamimina yote kwenye tangi la maji la nyumba, lililokuwa juu ya paa. Akatoboa mpira wa maji kwa msumari, akauunga kwenye tangi, akauelekeza kwenye mabati ya paa la jikoni.

"Yalla," akaniambia, "kamwite."

Bibi alikuwa ameshasikia mabati yanalia. Akatoka na kanga yake, akasimama uani, maji meupe yakimdondokea. Akalamba mkono.

"Baba Seif, haya maziwa."

"Ndiyo yanavyoonekana vizuri, Mama Seif," Babu akajibu kutoka juu.

Nikangoja acheke. Hakucheka. "Paa langu lilivuja kila masika," akasema. "Mtoto mkono huu, sufuria mkono huu, nahama pembe hii nakwenda ile, peke yangu. Kumbe wewe uko huko unawanyeshea Wataliani."

Babu akachungulia chini, mpira mkononi.

"Shuka," Bibi akamwambia. "Shuka ulowe na wewe."

Akaulaza mpira juu ya mabati, akashuka. Kanzu ikamgandama mwilini, kofia ikamlegea. Wakasimama pamoja pale uani mpaka tangi likakauka. Kesho yake mabomba yalitoa maji meupe na mama yangu akaigombeza nyumba nzima, lakini sanduku halikuwapo mlangoni. Nilikwenda kulitafuta, nikalikuta chini ya kitanda, tupu.

Miaka mingi nimewasimulia watu kwamba Babu alimzuia Bibi kwa mvua. Nilikuwa mtoto, macho yangu yalikuwa kwenye mvua. Sasa nina mume, na zipo siku nafunga sanduku moyoni mwangu bila ya mtu kujua, ndipo nimemwelewa Bibi. Mvua hakuwa na haja nayo. Alichoka kulowa peke yake.

Nikamtazama yule kochini.

"Njoo," nikamwambia, "ushike tambara na wewe."