Matokeo Yanabaki Nje

Harufu ya petroli iliyochanganyika na chumvi ya magunia hunirudisha Mushaki kila ninapokutana nayo, hata nikiwa nimesimama katikati ya soko la Goma na mkoba wangu wa ualimu begani. Ndiyo iliyokuwa harufu ya duka la Papa Kasereka, mfanyabiashara Mkatoliki aliyetoka Butembo na kujenga kando ya barabara ya Sake kwenda Masisi. Mbele aliuza sabuni, chumvi, betri na misumari. Nyuma ya pazia la turubai alikuwa na chumba chenye mabenchi, televisheni moja, na waya uliopanda hadi kwenye dishi juu ya bati. Jenereta, ambayo sote tuliiita grupu, ilinguruma uani, na moshi wake uliingia chumbani pamoja na ubaridi wa mlima na harufu ya ng'ombe waliokuwa wakirudishwa kutoka malishoni. Nilikuwa na miaka kumi. Nasema kumi kwa sababu nilizaliwa Februari 1995, na mambo haya yalianza Novemba 2005. Watu wengi wa kwetu husema tu "wakati wa vita", lakini vita vyetu vimekuwa virefu mno kutumika kama tarehe.

Kilichotukusanya pale kilikuwa mpira wa kikapu wa Amerika. Wamarekani walicheza wakati sisi tumelala, tena wengi wetu tulilala porini, kwenye migomba, kwa kuwaogopa wenye silaha waliopita vilimani usiku. Hakuna mtu mwenye akili aliyewasha taa saa zile, sembuse televisheni. Kwa hiyo kila mchezo ulitupita. Lakini kampuni ya televisheni aliyojiandikisha Papa Kasereka ilikuwa na chaneli iliyourudia mchezo kesho yake alasiri, mzima, tangu mpira wa kwanza kurushwa juu. Tukauangalia mchana kana kwamba ndio kwanza unachezwa. Watu waliotoka shambani na majembe yao walipiga kelele, wakawaonya wachezaji, wakamwomba Mungu abadilishe jambo lililokwisha kuamuliwa wakati sisi tunatetemeka kwenye umande.

Ili hayo yawezekane ilihitajika sheria, na Papa Kasereka aliitunga mwenyewe. Kulikuwa na mwalimu mmoja wa shule ya parokia aliyemiliki redio ndogo. Asubuhi alisikiliza habari kwa Kifaransa, na alasiri aliingia chumbani akitangaza mshindi kabla hata mabenchi hayajajaa. "Mwalimu, weye uko muchawi wa mechi!" walimfokea. "Unaua mutu mbele azaliwe!" Papa Kasereka akaamua: aliyesikia matokeo akae nyuma kabisa, kwenye magunia ya chumvi, na afunge kinywa, atakayesema atatolewa. Tangu hapo kila aliyeonekana mlangoni akitokea barabarani, hasa madereva waliopanda kutoka Goma, alipokelewa kwa sauti moja: "Rezulta inabakia inje!" Mwalimu mwenyewe alizoea. Aliketi kwenye chumvi, mikono magotini, akitutazama tukihangaika, na usoni alikuwa na huzuni ya mtu anayejua.

Mimi niliruhusiwa kuingia kwa sababu nilimpukuchulia maharage mke wa Papa Kasereka. Nilikaa chini mbele ya mabenchi, ungo mapajani. Aliyenifundisha mchezo alikuwa kaka yangu Bauma, ambaye baada ya kifo cha baba yetu alikuwa ndiye mwanaume wa nyumba. Alikuwa mrefu, mwembamba, mwenye mikono iliyozidi mikono ya sweta, na alicheza kwenye uwanja wa parokia, ambako pete ya pipa ilikuwa imepigiliwa misumari kwenye mti wa mkaratusi. Ndiye aliyenionyesha jinsi ya kupanga maharage: matano mekundu, matano meupe, huyu anakimbia, huyu anamzibia njia, huyu anamwachia mwenzake nafasi. Tarakimu nilizijua kwenye kioo cha televisheni miaka mingi kabla ya kuziona ubaoni. Nilikuwa sijaingia shule. Pale ada ilipopatikana, ilikuwa imemtosha mtoto mmoja tu, naye alikuwa Bauma.

Jumatatu, tarehe 28 Novemba 2005, Bauma alipanda lori kama msaidizi wa dereva, kwenda Walikale. Walibeba chumvi na sabuni hadi Kibua, na huko wangepakia mafuta ya mawese. Alitaka kufanya kazi hiyo mpaka shule zitakapofunguliwa, ili mwaka unaofuata mimi nianze darasa la kwanza. Mama hakuipenda barabara ile, lakini hakumzuia. Alimfungia viazi vya kuchemsha, akamvalisha sweta lake la kijani kama mtoto mdogo, mbele za watu, naye akakubali. Kisha Bauma akainama kwangu.

"Sifa, weye njo macho yangu. Kila mechi itanipita, uniangaliye. Nikirudi utanipangia yote kwa maharage."

"Na nikisahau?"

"Weye? Muhindi ya kuchoma nilikunyima kwa Pasaka, mupaka leo unanisemea. Utasahau nini?"

Nikawa macho yake. Niliuangalia kila mchezo ambao grupu iliweza kuuonyesha, na jioni, kabla hatujakwenda porini kulala, niliupanga upya mbele ya mama ili usinitoke. Mama alikuwa mwanamke wa jembe. Kuhusu mpira hakujua lolote, wala hakujifanya. Alisonga ugali huku akisikiliza, na maswali yake yalikuwa ya aina yake. "Ule murefu, iko na mama?" aliniuliza siku moja. "Anamupatiaka chakula gani?" Siku nyingine alitaka kujua Bauma yuko upande upi, wa maharage mekundu au meupe, na nilipomwambia kwamba Bauma hayumo, kwamba hawa ni Wamarekani, alisema, "Basi mumuweke. Iko murefu vilevile." Tangu hapo niliongeza harage la kumi na moja, lenye madoadoa, pembeni mwa ungo. Mama alilitazama kila mara kabla sijalirudisha mfukoni.

Desemba ilipita bila lori kurudi. Hilo peke yake halikutosha kuogopesha. Matope ya barabara ya Walikale yaliweza kulishika gari mwezi mzima, na watu walirudi wamekonda lakini wazima. Noeli ikapita. Mama alianza kuketi kwenye ukingo wa barabara baada ya misa, akiwauliza waliotoka bondeni. Mwanamke mmoja aliyeuza mawese alimwambia kwamba alimwona kijana mrefu mwenye sweta la kijani huko Hombo, akipakua magunia. Hombo iko mbali sana na Kibua, kwenye barabara ya Bukavu kwenda Kisangani, wala hakukuwa na sababu ya Bauma kufika huko, lakini mama aliila habari hiyo pole pole, kwa majuma, kama mtu anayetunza chakula cha mwisho. "Hombo kuna biashara," aliwaambia majirani. "Pengine bosi alimutuma." Nami niliendelea kuangalia. Nilikuwa na hofu moja tu, ya kitoto na ya kweli: kwamba atarudi, aniulize mchezo fulani, na mimi niwe nimeupoteza.

Jumamosi, tarehe 21 Januari 2006, chumba kilikuwa kimejaa. Zilicheza timu mbili ambazo Bauma alikuwa akizisubiri tangu mwanzo wa msimu, moja kwa fulana nyekundu na nyingine kwa nyeupe, hivi kwamba hata maharage yangu yalionekana yameumbwa kwa ajili ya siku hiyo. Wekundu waliongoza, weupe wakawafikia, wekundu wakatangulia tena. Mchezo ulikuwa umeingia robo ya tatu wakati pazia liliposogezwa na mtu akasimama mlangoni, matope hadi magotini, kofia mkononi. Sikumtambua, kwa maana nilikuwa nimemwona mara moja tu. Alifungua kinywa.

"Rezulta inabakia inje!" chumba kizima kilimpigia kelele kabla hajatoa neno.

"Bandugu—"

"Inje, Papa! Inje!"

"Kaa kwa chumvi, Papa! Tutakusikia kisha!"

Nami nilipiga kelele, kwa sauti kubwa kuliko wengi, kwa sababu mchezo ule nilikuwa nimeuahidi. Hakuna aliyefikiri kwamba matope yale mekundu hayakuwa matope meusi ya njia ya Goma. Kwa yule aliyetoka upande wa Walikale hakukuwa na redio wala habari za Amerika. Angetoa wapi matokeo? Lakini sheria ilikuwa imetuingia mwilini. Mgeni alitazama vichwa vile vyote, akanitazama mimi na ungo wangu, akaenda kuketi juu ya magunia kando ya mwalimu. Aliketi hapo robo nzima. Sisi tulicheka, tulilaani, mtu mmoja alimwaga bia yake ya ndizi kwa furaha, na nyuma yetu, mahali pa watu wanaojua, alikaa Papa Paluku, dereva wa lori la Bauma.

Robo ya nne ilipoanza, Papa Kasereka alikwenda kumpa mkono, kwa kuwa alikuwa mtu wa adabu na hakupenda mgeni akae bila salamu. Waliinamiana. Sikusikia walichosema. Niliona tu Papa Kasereka akinyooka, akapita katikati ya mabenchi bila kuomba njia, akatoka uani, na grupu ikanyamaza. Picha ilijikunja ikawa nukta nyeupe, kisha ikawa si kitu.

"Papa Kasereka! Essansi imeisha?"

"Hapana, haikuisha." Alisimama kwenye pazia, mikono yake ikinuka petroli. "Sifa, mutoto yangu, enda umuite mama yako."

Nilinyanyuka na ungo. Nilijua kuna jambo, lakini akili ya mtoto hushika kwanza kilicho karibu, na kilichokuwa karibu ni mchezo uliokatika. Maharage yalikuwa yamekaa sawasawa na wachezaji walivyokuwa wakati picha ilipozimika, na kama yangesogea nisingeweza kumwonyesha Bauma ulipoishia. Nikapanda kilima hadi nyumbani nikiwa nimeushika ungo kwa mikono miwili, umenyooka, nikitazama maharage na si njia. Mama alikuwa akipalilia. Aliniona kwa mbali nikitembea hivyo, polepole, kama mtu anayebeba maji yaliyojaa hadi ukingoni.

"Mechi imeisha?" aliniuliza.

"Bado. Papa Kasereka amezima grupu. Anakuita."

Mama aliweka jembe chini. Papa Kasereka hakuwahi kuzima grupu kabla ya mwisho, hata siku risasi zilipolia kilima cha pili. Alipunguza sauti tu. Mushaki yote ililijua hilo, hata mama ambaye hakukanyaga chumba kile.

"Kasereka hazimake grupu bure," alisema. Akakaa palepale kwenye mtaro wa viazi, akavua kitambaa chake cha kichwa, na ndipo nilipofahamu.

Papa Paluku alitueleza yote jioni ile bila kuficha. Wenye silaha waliwasimamisha mbele kidogo ya Kibua, wakati wa kurudi, siku chache baada ya Noeli. Waliwashusha, wakachukua mafuta, wakawachagua vijana wa kubeba mitungi. Bauma alibeba mtungi wa kwanza. Goti lilipomsaliti kwenye mteremko walimpiga risasi. Wanakijiji wa Kibua walimzika kando ya shamba la mihogo na kuomba juu yake. Dereva alikuwa ametembea kwa miguu, akijificha, mpaka kwetu. Alirudisha sweta. Kwa hesabu hiyo, michezo yote niliyoitunza katika Januari ile niliitunza kwa ajili ya mtu aliyekuwa tayari chini ya ardhi. Nilikuwa nimeupigia kelele mchezo uliokwisha mara mbili, Amerika usiku uliotangulia na Kibua baada ya Noeli.

Nilianza darasa la kwanza Septemba 2009, hapa Goma, tukiwa wakimbizi, nikiwa na miaka kumi na minne na magoti yasiyoingia chini ya dawati. Wenzangu waliniita Mama. Nilimaliza sekondari mwaka 2021, nikiwa tayari nimeolewa na nina mtoto, na leo nafundisha darasa la pili. Sioni haya kwa lolote kati ya hayo. Papa Kasereka alikuwa ameshafunga duka na kurudi kwao. Dishi lilibaki juu ya bati hadi bati lenyewe lilipochukuliwa.

Siku hizi hakuna kinachotupita. Mume wangu aliuawa Sake, Ijumaa moja mwaka 2022, na picha yake ilinifikia kwenye simu nikiwa mbele ya wanafunzi wangu, chaki mkononi, imetumwa na mtu nisiyemjua, kabla damu haijakauka, kabla ndugu yeyote hajavaa viatu vya kuja kunipa pole. Hakuna aliyesimama mlangoni kofia mkononi. Hakuna aliyezima kitu. Watu husema ni heri kujua mapema, na huenda ni kweli. Lakini mimi nimepewa habari kwa njia zote mbili, na ninamkumbuka kwa heshima yule dereva mwenye matope, aliyefokewa na chumba kizima akakubali kuketi kwenye chumvi na kubeba peke yake, kwa robo nzima, jambo lililokuwa langu.

Mwanangu anapenda mpira wa kikapu. Mwaka jana nilimweleza habari ya mchezo ule, naye, kwa vidole vyake vyepesi, akautafuta kwenye simu na kuupata, wote, na fulana nyekundu na nyeupe zilizofifia. Niliuangalia. Nilipika maharage siku hiyo, na kabla ya kuyatia chunguni nilitenga kumi na moja juu ya ungo, nikayapanga kuanzia pale grupu iliponyamaza hadi mwisho. Hivyo matokeo ninayajua, na mwanangu anayajua. Wewe msomaji sitakuambia. Kuna mtu Kibua ambaye bado hajauona.