Halaiki Isiyo na Sauti

Mimi shule niliishia darasa la nne, lakini halaiki naijua kwa magoti. Nilikulia ukimbizini Tanzania, na shule yetu iliwahi kuchaguliwa kucheza uwanjani siku ya sherehe. Wiki nzima juani, mwalimu na filimbi, sisi tunahesabu. Kwa hiyo mjukuu wangu alipokuja na kompyuta yake hapa Kagarama, nchini kwetu tulikorudi, akaniita, "Bibi, njoo uone halaiki ya Wazungu wa zamani," niliacha maharage yangu nikakaa.

Filamu haina sauti wala rangi. Watu maelfu uwanjani, nguo nyeupe, wanainama na kuinuka kama mtama upepo ukiupitia. Lo! Nilitaka kupiga vigelegele. Ila walikuwa wanadonoadonoa mbiombio kama kuku.

"Jumamosi watu watavunjika mbavu," mjukuu akasema. Jumamosi hiyo angeionyesha ukumbini Gisimenti, kazi yake ya kwanza mbele ya watu.

"Wawacheke kwa nini? Hawa wamehenya."

"Bibi, ndivyo walivyopigwa picha."

"Nani anachuchumaa hivyo? Goti gani hilo? Umewakimbiza wewe!"

Nikasimama, nikakaza kitenge, nikanyanyua mikono: moja, mbili, tatu, nne. Mimi nafika nne, wao washamaliza nane. Akanitazama, akawatazama. Kumbe kamera za zamani zilizungushwa kwa mkono, polepole kuliko za leo, na kompyuta yake ilikuwa inaipeleka filamu mbio. Akapunguza. Nikaanza upya. Akapunguza tena. Mara ya tano tukainama pamoja, mimi na maelfu yale, tukainuka pamoja. Kiuno kililia, nikakiacha kilie.

"Yesu wangu," akasema, "sasa wamekuwa watu."

"Walikuwa watu tangu mwanzo. Wewe ndiye uliyewafanya kuku."

Jumamosi nilikaa mbele kabisa. Vijana na soda zao, kelele tupu. Kisha wale watu wakainama ukutani, polepole, wote kwa mpigo mmoja, na kelele zikakatika. Hakuna aliyecheka. Mpaka msichana mmoja wa mstari wa pili, pale ukutani, akageuka kushoto, wenzake wote kulia. Ukumbi ukaangua kicheko, na mimi nikacheka mpaka machozi. Hicho kilikuwa kicheko cha haki: alikosea mwenyewe, hatukumkosesha sisi. Mjukuu wangu alikuwa amesimama pembeni, ananitazama usoni. Nikapiga makofi kabla filamu haijaisha.