Herufi Moja ya Shemeji Masalu

Ijumaa ile ya mwaka tisini na sita, Dorotea alifika mahakamani kabla milango haijafunguliwa, mtoto mgongoni, barua ya mwenyekiti wa mtaa ya kumtambulisha mdhamini ameikunja ndani ya kanga. Mumewe Ngosha, mkata minofu kiwandani, alikuwa amelala selo siku mbili, akituhumiwa kuiba samaki. Asipopata dhamana leo, anapelekwa mahabusu mpaka Jumatatu.

Mdhamini alikuwa Masalu, kaka wa Ngosha, mtu asiye na maneno mengi. Aliomba ruhusa kazini, akavaa shati la kanisani.

Karani alisoma barua, akatazama kitambulisho cha Masalu, akavirudisha vyote.

"Barua inasema Masaru. Kitambulisho kinasema Masalu. Rudini mtaani kwenu Buzuruga mkaandikiwe upya."

"Ni huyuhuyu mmoja, baba."

"Mimi nasoma, mama, sibahatishi."

Dorotea alijua kosa limetoka wapi. Yeye ni Mjita wa Musoma. Mwenyekiti alipomuuliza jina la mdhamini, alilitaja kwa ulimi wake unaogeuza l kuwa r, naye akaandika alichosikia. Miaka minne ya ndoa mawifi walikuwa wakimchokoza: "Hebu mtaje shemeji yako tusikie." Alikuwa akicheka nao. Leo hakuona cha kucheka. Na mwenyekiti mwenyewe alishaondoka asubuhi kwenda msibani Magu.

Saa tano Ngosha akapandishwa kizimbani, ndevu zimemtoka, akaomba dhamana. Karani akaeleza habari ya jina. Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani, hakusema jambo hilo lingoje. Alimwita Masalu mbele, akamuuliza jina la baba, kijiji, na kazi yake. Kisha akamgeukia Ngosha, akamuuliza habari za kaka yake. Majibu yakalingana.

"Barua hii aliifuata nani?"

"Ni mimi, mheshimiwa," Dorotea akasimama.

"Na huyu shemeji yako anaitwa nani?"

Aliupanga ulimi vizuri kabisa.

"Masaru."

Watu wakaangua kicheko, hata askari wa mlangoni. Hakimu akasubiri watulie.

"Karani, andika jina kama lilivyo kwenye kitambulisho, uweke na maelezo. Huyu bwana hajahukumiwa. Siwezi kumlaza mahabusu siku tatu kwa sababu ya herufi moja."

Masalu akasaini. Ngosha akaambiwa arudi baada ya wiki mbili, maana kesi ilikuwa bado iko palepale.

Nje, Ngosha alinyoosha mikono ampokee mtoto, halafu akasita, akajinusa shati.

"Nanuka selo."

"Mchukue tu," Dorotea akasema, akaifungua mbeleko.

Mtoto alimkodolea macho baba yake, akazipapasa zile ndevu. Masalu akakohoa.

"Shemeji, siku ya kesi wakikuuliza tena, nionyeshe kwa kidole."

Dorotea alicheka mpaka akaketi kwenye ngazi za mahakama, na machozi yalipomtoka hakuyafuta.