Kahawa Ambayo Gashe Wubshet Hakuitiwa

Ukungu wa mji wa Debre Birhan, Ethiopia, bado umelalia mabati, na Etagegn Mulatu tayari ana macho mekundu. Anamimina ujiuji wa nafaka ya tefu juu ya kikaango cha udongo, anaufunika, anakohoa. Kila injera, mkate mwembamba wa duara, huiuza birri ishirini. Moshi anapewa bure.

"Gashe! Kahawa!" anaita kuelekea ua wa jirani.

Anaita tena, kisha anarudi kwenye kikaango.

"Amesikia," anasema. "Anajifanya gogo."

Mtaani hapa kahawa ni ya kuitwa. Asiyeitwa haendi, hata harufu imburute kwa pua. Gashe, yaani Mzee, Wubshet, fundi viatu mstaafu anayeishi peke yake ng'ambo ya ua, aliitwa kila siku kwa miaka mingi.

Kisha, wakati wa mfungo, mzee akatamka tusi lisilo na kifani katika historia ya vikombe: kwamba raundi ya tatu na ya mwisho ya kahawa ya Etagegn ni maji ya kuoshea birika.

"Mbele za watu!" anakumbuka Etagegn. "Nikasema haya, kesho anywe mate yake."

Kesho yake hakumwita. Wala keshokutwa. Majirani walipouliza, aliwajibu kwamba mzee amenuna. Wakacheka, wakanywa.

Mzee hakuwa amenuna. Alikuwa sakafuni, nyonga imevunjika, akisikiliza vicheko vyao. Muuza kuni ndiye aliyemkuta, sauti imeshakauka. Tangu hapo hajasimama, na waganga hawasemi kama atasimama.

"Sikumpiga," anasema Etagegn. "Niliacha tu kumwita."

Kitandani kwake, Gashe Wubshet huzungumza na kila mgeni isipokuwa mwanamke anayemletea chakula.

"Mwambieni huyo asibamize mlango."

"Kwani mimi sipo, Gashe?" anauliza Etagegn, sahani mkononi.

Mzee anageukia ukuta. Mgeni anamuuliza: kwa nini hakupiga kelele siku ile alipoanguka?

"Sauti nilikuwa nayo," anasema polepole. "Lakini utawapigiaje kelele watu ambao hawajakuita?"

Etagegn anatoka nje bila kuaga.

Mvua zikiisha, anataka kung'oa bati moja la ua na kusogeza jiko lake, ili akipika akione kitanda kile. Ua ni wa mzee, kwa hiyo lazima akubali. Kila asubuhi anamwomba, na kila asubuhi hajibiwi.

"Hata akisema hapana," anasema Etagegn, akipangusa macho kwa shuka lake, "si atakuwa amesema?"