Tiki Mbili za Kijivu

Mimi ni mtu wa hasira za karibu, wacha niseme mapema. Miaka yangu yote ya kazi nilisimamia wakata mawe kwenye kwari huku Kitengela, na kwari si mahali pa kubembelezana. Ukimwambia mtu polepole atoke chini ya jiwe, jiwe litamfikia kabla ya maneno yako. Nilistaafu na mgongo mbovu na sauti ya kupiga kelele, na hiyo sauti mama watoto ameshindwa kuniondolea mpaka leo.

Rafiki yangu alikuwa kinyume changu. Yeye ni mfanyabiashara wa ng'ombe, mtu wa kaskazini mashariki aliyeshukia Kajiado akiwa kijana na kuzeekea hapo hapo. Tulijuana siku nilipoenda mnadani kutafuta fahali wa kuchinja nikihamia nyumba yangu. Nilianza kutaja bei kwa ile sauti ya kwari, watu wote wakageuka kuniangalia. Yeye akatabasamu tu, akanishika mkono, akaufunika kwa kitambaa alichokuwa amejitupia begani. Chini ya kile kitambaa akaanza kunibana vidole, kimoja, viwili, huku akiniangalia usoni kama mtu anayesikiliza habari za mvua. Nikadhani amerukwa na akili. Kumbe ndivyo watu wake wanavyouziana mifugo. Bei inasemwa kwa vidole, haisikiwi na mtu mwingine ila nyinyi wawili. Ukikataa unavuta mkono wako. Ukikubali unaubana mkono wote wa mwenzako, unauvuta chini mara moja, na maneno yameisha. Hata mtu aje hapo na gunia la noti, anaambiwa amechelewa.

"Warya, mzee wa mawe," aliniambia tulipomaliza. Warya ni kama kusema wewe bwana. "Ukiendelea kupiga kelele hivyo hapa kwetu, utauziwa mkia kwa bei ya ng'ombe mzima."

Tangu siku hiyo hatukuachana. Kwa zaidi ya miaka ishirini nilikuwa nateremka Kajiado siku za mnada, tunacheza drafti kwa vifuniko vya soda, mimi nikipiga meza kila nikila kete, yeye akinywa chai yake ya maziwa bila kusema neno. Mgongo uliponikatalia safari, binti yangu kitinda mimba akatuwekea drafti kwenye simu. Kila siku baada ya chakula cha mchana tulicheza, mimi Kitengela, yeye Kajiado, na maneno mengine yote tukatumiana kwenye ile app ya meseji. Alikuwa anajibu haraka, mara nyingi kwa sauti, akianza na salamu ya Kimaasai, "Sopa!", kwa sababu anajua Kimaa changu ni cha kuchekwa. Mimi namjibu "Epa!" na hapo ndipo Kimaa changu kinaishia.

Huyo binti yangu ndiye alinifundisha habari ya tiki. Alikaa kwa mkono wa kiti changu, akanionyesha kwa ukucha.

"Baba, hii tiki moja, meseji imetoka kwako lakini haijafika. Zikiwa mbili za kijivu, imefika kwa simu yake. Zikigeuka bluu, ameifungua."

"Na akifungua asijibu?"

"Basi amekublutiki, baba," akasema, akicheka. "Hiyo ni dharau ya mchana peupe."

Neno lake nikalibeba kama sheria. Mtu mzima mimi, wajukuu niko nao, nikaanza kuhesabu tiki za watu. Ndugu yangu alikaa siku mbili na bluu yangu nikamnunia mpaka mazishi ya shangazi yetu. Lakini kwa rafiki yangu sikuwahi kuangalia tiki hata siku moja. Majibu yake yalikuwa yanafika kabla sijaweka simu chini.

Halafu huyo kitinda mimba akaposwa. Kwetu mahari ikiletwa, baba wa msichana hakai peke yake, anakaa na wazee wake kando yake, wamsaidie kusikiliza na kusema. Nami nilikuwa nimeshaamua nani atakaa kwa kiti cha kulia kwangu. Wakwe walikuwa wanaleta mbuzi na kondoo, na nani mwingine angenitazamia meno ya mbuzi? Nilimwandikia: "Jumamosi ya wiki ijayo wakwe wanakuja. Nakutaka kando yangu. Usiniambie habari ya mnada."

Tiki mbili za kijivu.

Nikangoja jioni, nikangoja kesho yake. Kijivu. Nikasema pengine simu imewekwa mahali. Lakini baada ya chakula cha mchana nikafungua drafti, na pale juu ya ubao kile kidoti kando ya jina lake kilikuwa kijani. Yuko. Na kete yake imesogea. Zamu yako, simu ikaniambia.

Haki ya Mungu, nilikasirika. Nilipiga simu, ikaita mpaka ikachoka. Nikapiga tena, ikaita tena. Ya tatu sikupiga, mimi pia niko na heshima yangu. Nikaandika, "Umeona meseji?" Kijivu. Kesho yake mchana kidoti kijani, kete imesogea. Siku iliyofuata vivyo hivyo. Zamani alikuwa anasogeza kete kumi kwa kikao kimoja, sasa anasogeza moja tu na kupotea. Mimi nikaona hayo ni madharau yaliyopimwa kwa kijiko.

Ukweli ni kwamba nilikuwa naogopa. Siku chache kabla ya ile meseji ya kumwalika nilikuwa nimemfunga mara tatu mfululizo, na katika kujishaua nikamwandikia, "Umezeeka, kichwa kimekauka, rudi uchunge mbuzi." Ilikuwa mzaha, tumetaniana mabaya kuliko hayo. Lakini mtu ukishaanza kungoja jibu, unarudi nyuma unasoma kila neno lako, na kila neno linakuwa na miiba. Nilimwambia mama watoto pengine nimemuudhi. Akaniuliza, "Kwani Kajiado ni ng'ambo? Enda ukamwulize." Nikamwambia sitamfuata mtu ambaye anacheza na mimi huku amekataa kuongea na mimi.

Jumamosi ikafika. Kiti cha kulia kwangu nikakataza kisikaliwe. Shemeji yangu alipotaka kukikalia nilimwangalia tu, akatafuta kingine. Wakwe wakaja, wakaimba pale kwenye lango mpaka wakafunguliwa, mazungumzo yakaenda vizuri, mbuzi wakatazamwa na watu wasiojua mbuzi. Kile kiti kikabaki pale na kitambaa chake cheupe. Mzee mmoja wa upande wao akauliza kwa adabu tunamngoja nani. Nikasema hatumngoji mtu.

Walipoondoka tu nilichukua simu. Niliandika hivi, na nimeikariri kwa sababu nimeisoma mara nyingi: "Kiti chako kimekaa tupu mbele ya wakwe wangu. Mtu ambaye yuko na nafasi ya kucheza drafti na hana nafasi ya kusema nimesikia, huyo si rafiki. Usinitafute tena."

Nikatuma. Tiki mbili, kijivu.

Kesho yake mchana nikafungua drafti. Ndiyo, nilifungua, nilikuwa mbele kwa kete mbili na sikuona sababu ya kupoteza mchezo. Kidoti kijani. Alikuwa amenila kete tatu kwa mruko mmoja, kishindo ambacho hajawahi kunifanyia tangu enzi za vifuniko vya soda. Nilitupa simu kwenye kochi. Nikasema hee, kumbe anasoma, na jibu lake ndilo hili.

Hasira zangu zinakuja mbio na zinaondoka kwa miguu. Kufika Jumatano zilikuwa zimekwisha, zikaniachia hiyo meseji. Nikampelekea binti yangu simu, nikamwambia afute kwake na kwangu. Akabonyeza, akabonyeza tena. "Muda wa kuifuta kwa wote umepita, baba. Sasa naweza kukufutia wewe tu."

"Mimi ndiye sitaki kuisoma? Yeye je?"

"Yeye atabaki nayo."

Mama watoto alikuwa anachambua mchele hapo kando. Hakuinua macho. "Umeandika mabaya na simu, utaomba msamaha na simu pia?" Akaniwekea shati safi kwa kitanda. Asubuhi yake niliteremka Kajiado, mgongo ukinilalamikia kuanzia Kisaju.

Lango lilifunguliwa na binti yake mkubwa, ambaye nilimjua tangu akiwa mtoto wa kubebwa. Aliponiona alijifunika mdomo kwa shela yake. "Adeer," akasema. Hivyo ndivyo wanavyomwita ndugu ya baba. "Adeer, umekuja."

Akanieleza tukiwa bado tumesimama uani. Ilikuwa wiki ile ile ya zile mechi tatu. Baba yake alikuwa ametoka kuswali alasiri, akataka kuvaa viatu, mkono wa kulia ukakataa. Kiharusi. Upande wote wa kulia ukalala, na maneno yakaondoka. Akili yake ilikuwa nzima, alikuwa anasikia kila kitu, ila ulimi haubebi neno. Na hakutaka watu wajue. Kila binti alipotaka kunipigia, baba yake alitikisa kichwa mpaka jasho likamtoka, kwa sababu mfanyabiashara wa ng'ombe akijulikana yuko kitandani, wanunuzi wanakuja na bei za matanga. Hakutaka hata mimi nijue, maana sauti yangu, alikuwa akisema siku zote, inasikika mpaka Namanga.

"Lakini zile tiki," nikasema. Mjinga mimi, hilo ndilo nililopata kusema. "Hazikugeuka bluu hata mara moja."

"Za baba hazigeuki, adeer. Aliniambia nimzimie hiyo kitu siku ile ile aliponunua simu. Alisema mnunuzi asijue kama bei yake imesikika."

Miaka zaidi ya ishirini mtu huyu ananifundisha chini ya kitambaa kwamba habari yake haisomwi usoni, halafu mimi nakaa Kitengela nikimsoma kwa rangi ya tiki.

"Na drafti?" nikauliza.

"Hiyo ni yeye mwenyewe. Kila mchana baada ya kula anaonyesha simu kwa kidole mpaka nimfungulie. Namshikia ubao, anagusa kete kwa mkono wa kushoto. Moja inamchosha. Hiyo ndiyo kazi anayoifanya siku nzima, adeer. Daktari alituambia tusimnyime."

Nikamwuliza lile nililokuwa naogopa, kama ile meseji ya Jumamosi aliiona.

"Nilimsomea. Anataka asomewe zote, na zako anataka mara mbili." Akainamisha macho. "Nilitaka kuiruka, akajua kwa uso wangu. Nikamsomea yote."

"Akafanya nini?"

"Machozi yalimtoka. Halafu akacheka, na akicheka siku hizi ni upande mmoja. Halafu akataka drafti, akakula zako tatu."

Tukaingia. Alikuwa ameegemezwa kwa mito karibu na dirisha, amekonda, mdomo umevutwa kando, ndevu zake za hina zimechujuka kwa kukosa mtu wa kuzitunza. Jicho moja likaniona kwanza, la pili likafuata. Nilikuwa nimekuja na maneno niliyoyapanga tangu Kitengela. Nikayaacha mlangoni. Nikaketi. Nikasema, "Sopa," na yeye hakuweza kuniambia epa, na hapo nililia, mzee mzima, mbele ya mtoto wa watu.

Aliningoja nimalize. Halafu mkono wake wa kushoto ukaanza kutafuta kitu juu ya blanketi, polepole, mpaka ukakamata pindo la kile kitambaa chake cha begani, na akanivutia. Niliweka mkono wangu, akaufunika. Watu wake hawampi mtu mkono wa kushoto, hilo najua, na yeye alijua kwamba najua, lakini ndio aliokuwa nao. Chini ya kitambaa vidole vyake vilikuwa vya baridi. Sikubana kidole hata kimoja, sikuwa na bei ya kutaja. Yeye ndiye aliyeubana mkono wangu wote, kwa nguvu ambayo sikudhani amebakiwa nayo, akauvuta chini mara moja.

Binti yake alikuwa akituangalia. Akajifuta macho, akauliza akitabasamu, "Haya, adeer, mmekubaliana bei gani?"

Nikamwambia hiyo haisemwi mbele za watu.