Kalista na Watoto Walioshindikana

Mama mkubwa Kalista alikuwa na mdomo mkali na mkono mwepesi wa kupakua ugali, na watu wa Kizwite waliuvumilia ule mdomo kwa ajili ya ule mkono. Nasema hivi mapema ili msidhani nawaletea mtakatifu. Mumewe alikwenda Tanga kukata mkonge, manamba kama wanaume wengi wa Ufipa miaka ile ya baada ya vita vya Hitla, akafia huko. Mtoto wa kumzaa hakuwa naye. Alikuwa na shamba, jembe, mimi mtoto wa mdogo wake, na wana wa watu wengine.

Wana hao walikuwa wale walioshindikana. Baba yuko kwenye mkonge, mama kachoka, mtoto anaanza na viazi vya jirani, halafu kuku, halafu nguo zilizoanikwa. Desturi ilikuwa kumpeleka kwa jumbe achapwe viboko. Alichapwa, akapona, akaiba tena, kwa kuwa kilichochapwa ni matako na njaa ilikuwa tumboni. Mama mkubwa alimwambia jumbe maneno hayo hayo mbele ya watu, tena akiwa amepiga magoti kwa heshima zote. Tangu hapo mtoto akikamatwa, aliletwa kwetu kwanza.

Alichofanya hakikuwa na siri. Alimshika mtoto mkono mpaka kwa mwenye mali. Huko mtoto alipiga magoti, akapiga makofi polepole kama tunavyowasalimia wakubwa, akasema, "Nimekosa." Kwetu neno hilo likisemwa namna hiyo, mwenye mali hawezi tena kuendelea na hasira, watu watamshangaa. Anamwinua mtoto, anampa kazi ya kufidia, na jioni wanakula pamoja. Kesho yake mama mkubwa anampeleka shambani kupiga matuta yetu ya mviringo, yale ya kupindua udongo na kufukia majani chini yaoze, ili mwaka unaofuata yatawanywe upandwe ulezi. Ni kazi ya kuvunja mgongo. Akilala amelala kweli, na asubuhi kuna uji. Wengi walitulia hivyo. Nawajua, wengine leo ni wazee wa kanisa na wananipa mkono kwa madaha.

Hata aliyesingiziwa alipiga magoti. Mama mkubwa alishikilia kwamba mtoto akibishana na mkubwa anaonekana mkaidi, na mkaidi hasikilizwi. Anyenyekee, hasira zipoe, ukweli utajulikana baadaye. Na kijijini kwetu ulijulikana, kwa sababu watu tulikuwa wachache na kila mtu alijua kuku wa kila mtu.

Beda alikuja akiwa na miaka kama kumi na miwili, mwizi aliyekubuhu, masikio makubwa, hana baba wala mama. Alimwibia mama mkubwa chumvi siku ya kwanza. Alitukanwa mpaka jua likazama, kisha akapakuliwa ugali. Baada ya mavuno ya pili hakugusa tena kitu cha mtu, na alikuwa akimwita mama, bila ile "mkubwa" yangu. Niliona wivu kidogo. Mama mkubwa alimpenda kuliko wote na hakujua kuficha. Alimkaripia zaidi kuliko sisi wengine, na nyama ya kwanza chunguni ilikuwa ya Beda.

Akamtafutia kazi mjini, kwa Mzee Huseni, mwenye duka Majengo na lori la kupeleka bidhaa Kipili ziwani. Beda alifagia baraza na kuteka maji. Mke wa mzee, Mama Kulsumu, alimsifia mpaka mama mkubwa akaanza kutembea ametanua mabega.

Ndipo jora mbili za kaniki zikapotea dukani. Mzee Huseni alikuwa safarini. Ndugu yake, Selemani, mtu wa hasira za karibu, aliuliza nani alikuwa mwizi zamani, akajibiwa. Hakuja Kizwite kuuliza. Alikwenda polisi moja kwa moja, na askari wakamkuta Beda shambani kwetu, alikokuja siku ya mapumziko kutusaidia kulima, jembe mkononi.

Jioni tulimpelekea chakula bomani. Askari wa zamu alituruhusu tuseme naye kwenye dirisha la mahabusu.

"Umechukua?" mama mkubwa aliuliza.

"Sikuchukua, mama."

"Basi nisikilize. Kesho Bwana Shauri akikuuliza, usibishane naye. Piga magoti, piga makofi vizuri, sema nimekosa. Akuone una adabu. Atakurudisha kwa Mzee Huseni ufanye kazi, na mzee akirudi tutayasema."

"Lakini sikuchukua."

"Nimekusikia. Fanya ninavyokuambia."

"Haya, mama," alisema Beda.

Nilikuwepo asubuhi ile. Beda alipiga magoti kwenye sakafu ya saruji. Karani alimuuliza kama anakubali shtaka, naye akapiga makofi, akainamisha kichwa, akasema, "Nimekosa, baba." Bwana Shauri, mkuu wa wilaya na hakimu wetu, Mwingereza kijana mwenye mafua, aliagiza aulizwe tena. Akajibu vilevile. Mama mkubwa alikuwa ametabasamu. Alinigusa kiwiko nione jinsi mwanawe alivyofundishwa vizuri. Alitabasamu mpaka karani alipotafsiri hukumu: miaka minne katika shule ya adabu, mbali upande wa pwani. Hapo ndipo aliposimama na kusema, "Hapana, bwana, hakuchukua," na askari akamtoa nje.

Hasira zangu hazijaisha mpaka leo, na sijui nizielekeze wapi. Kwa Bwana Shauri? Alisikia mtu amekubali. Kwa karani? Alitafsiri kilichosemwa. Lakini karani yule alikuwa Mfipa, amelelewa kwa makofi hayo hayo, na alijua kwamba kwetu mtoto husema nimekosa ili wakubwa watulie. Neno moja tu la kumweleza bwana wake lingetosha. Hakulisema.

Mwezi ulikuwa haujaisha lori liliporudi kutoka Kipili na zile jora mbili. Zilipakiwa kimakosa pamoja na magunia, zikakaa ghalani ufukweni. Mzee Huseni alikuja Kizwite kwa miguu, akavua kofia uani kwetu, akatueleza. Kisha yeye na mama mkubwa walikwenda bomani. Bwana Shauri yule alikuwa amehamishwa. Karani akawaambia kwamba kijana alikubali mwenyewe mara mbili, na mtu hakubali kosa ambalo hakulifanya. Walirudi tena na tena, mpaka wakaambiwa wakiendelea kusumbua serikali watashtakiwa wao.

Beda alirudi ana ndevu. Alikaa kizingitini akavuta sigara, mbele ya mama mkubwa, jambo ambalo zamani lingemletea mwiko wa kichwa. Shikamoo alitoa. Ugali alikula. Kisha akauliza, bila kupandisha sauti:

"Siku ile dirishani, mama, nilikuambia sikuchukua. Uliniamini?"

"Nilikuamini."

"Sasa kwa nini uliniambia nikubali?"

Mama mkubwa, mwenye jibu kwa jumbe na kwa padri, alisogeza bakuli la ugali kando. "Niliogopa ukibisha watakuona mwizi," alisema.

Beda aliitikia kwa kichwa. "Kule nilikuta mimi peke yangu ndiye nimeacha kuiba," alisema. "Walinicheka sana. Halafu wakanifundisha upya, vizuri zaidi."

Aliondoka kesho yake akielekea Mpanda. Kabla ya mvua tulisikia amevunja ghala la mtu huko na kumjeruhi mlinzi, amefungwa, na safari hii si shule.

Habari hiyo ilifika asubuhi ambayo jirani yetu Cornelia alikuwa uani na mwanawe, aliyekamatwa na kuku wa watu. Mama mkubwa alisikiliza mpaka mwisho, akachukua jembe akaenda shambani. Nilipomfuata nilimkuta ameketi chini kati ya matuta, analia kwa sauti kama mtu aliyefiwa, na jembe hajalitumia. Nilikaa naye. Alipotulia nilimkumbusha kwamba Cornelia bado anamsubiri.

"Waambie waende kwao," alisema. "Mimi sifundishi tena mtoto wa mtu."

Nilirudi nikawaambia. Cornelia alibisha kidogo, kisha akamshika mwanawe mkono, wakaondoka.