Zaburi ya Mwizi wa Kibuyu

Mwizi wangu ana sauti ya upole na kucha safi. Ukimkanyaga, yeye ndiye anayekuomba radhi. Walimu wanampenda, wazazi wanampenda, hata paka wetu, ambaye hampendi mtu, akimwona anajilaza chali. Angekuwa jambazi wa kawaida pengine ningemsamehe. Lakini kuibiwa na mtoto mzuri ni balaa, maana ukipiga kelele za mwizi, watu wote wanakutazama wewe.

Tulikuwa darasa moja na mtaa mmoja, hapa Kingsbury, kwa Waingereza. Nyumbani kwetu ni juu ya duka la vitambaa, na kwao ni duka la mboga lililo hatua chache kutoka pale. Kwao ni Wahindi wa Unguja, na sisi ni Waswahili wa Unguja, na wote tuliletwa huku na Mapinduzi yale yale. Bibi yangu na bibi yake, ambaye mtaa mzima tunamwita Ba, wanazozana kila wiki juu ya mung'unye, lipi changa na lipi limekomaa, kwa Kiswahili kitamu ambacho sisi wajukuu tunakijibu kwa Kiingereza. Mimi angalau nakisikia na kukisema. Yeye mwizi anajua "jambo" tu, na hiyo kajifunza kwenye katuni.

Muhula ule somo la muziki lilihusu Marekani ya zamani. Mwalimu wetu, Misi, mwanamke mwenye miwani mitatu shingoni na hata mmoja haupo machoni, alitwambia kila wawili wachague kitu kimoja na kukitengeneza, na kitu kitakachopendeza kitapigwa peke yake jukwaani siku ya tamasha, mbele ya wazee wote. Mimi nilichagua banjo. Mwizi nilimpata kama mwenzangu kwa sababu anapiga fidla tangu alipokuwa anakojoa kitandani, na mimi kwenye muziki nina kelele tu.

Utafiti niliufanya mimi. Nilifikiri banjo ni kitu cha wazungu wenye kofia za majani. Kumbe ilitoka kwa Waafrika waliopelekwa kule kwa minyororo. Walifika mikono mitupu, wakatafuta kibuyu, wakakikata, wakakiwamba ngozi, wakatia shingo ya mti na nyuzi, basi. Na wale waliojua fidla walipigishwa kwenye ngoma za mabwana zao mpaka alfajiri. Kuna jambo lilinichoma zaidi. Mtumwa akitoroka, bwana wake anatangaza gazetini kwamba amepotelewa na mali yake, na kwenye zile alama za kumtambulia anaandika: anapiga fidla vizuri. Mtu umemwiba mzima mzima, halafu akijiiba mwenyewe akaondoka, unalia umeibiwa! Baadaye sana wakaja wazungu wakajipaka masizi usoni, wakapanda jukwaani na banjo ile ile, wakapigiwa makofi na kupewa maua. Mwenye kibuyu yuko nje, hana hata kiti.

Nilimsimulia Bibi yote hayo jikoni. Akaacha kukuna nazi.

"Hao waliojipaka masizi," akauliza, "hakuna aliyewaimba?"

"Sijui, Bibi."

"Basi walikosa watu wa kwetu." Akainua mkono akakishusha kibuyu chake alichokuja nacho kutoka Makunduchi safari moja, kilichokuwa kimening'inia juu ya friji. "Chukua. Mimi nilikuwa natilia maji ya kunawa. Kitakufaa wewe."

Tulikifanya pamoja. Ngozi ya mbuzi tuliipata kwa muuza nyama, tukailoweka kwenye beseni la kuogea mpaka baba akakataa kuoga. Bibi akaiwamba, mimi nikishika, vidole vyangu vikivimba. Shingo ilikuwa mguu wa kiti kibovu. Na kila jioni Bibi alikifukiza ubani, kama anavyofukiza makoti yetu, mapazia, na siku moja hata mtu wa gesi aliyekuja kusoma mita. "Chombo hakitoki kwangu kinanuka mbuzi," alisema.

Mwizi alikuja mwisho kabisa, akakaza nyuzi na kuzilinganisha sauti. Kwa haki ya Mungu alifanya vizuri. Kilipolia, Bibi alifunga macho.

Sasa sikiliza ubaya. Siku ya kumwonyesha Misi, mimi nilikuwa nimefungiwa kwenye chumba cha adhabu, kwa sababu kuna picha ya mtunzi mmoja wa muziki imetundikwa korido, mzee wa nywele za bandia, nami nilimtia wanja na kipini. Mwizi akaenda peke yake. Akasimama mbele ya darasa na kibuyu cha Bibi yangu, akasimulia watumwa wangu na masizi yangu na matangazo yangu ya gazeti, akapiga. Misi akalia, akavaa miwani ili afute machozi vizuri. Akamuuliza nani alikitengeneza. Naye, kwa ile sauti ya maziwa ya moto, akasema: "Mimi. Mwenzangu alinisaidia kidogo."

Kidogo!

Nilipotoka nilimkuta Misi, nikamwambia chombo ni changu. Akaniwekea mkono begani. "Najua unapenda utani," akasema. Unaona? Miaka yangu yote ya vichekesho ikanigeukia siku niliyosema kweli. Yeye akapewa banjo na jukwaa. Mimi nikapewa ushemasi.

Ushemasi ni huu. Wale wahamiaji wa mwanzo Marekani walikuwa wanaimba zaburi, lakini vitabu havikutosha na wengi hawakujua kusoma. Basi shemasi anasimama mbele, anatamka mstari mmoja kwa sauti, na kanisa zima linaurudia kwa kuimba. Anatamka mwingine, wanaurudia. Sawa na sisi chuoni kwa maalimu, ila wao walikaa kwenye viti. Misi alitaka ukumbi mzima uitikie, wazazi na walimu, na akaona mwenye koo kubwa kuliko wote ni mimi. Kwenye mazoezi akatuambia: siku hiyo atawaomba watu warudie chochote atakachosema shemasi, hata wasipokielewa, maana hata wale wa zamani wengine hawakuelewa.

Nikarudi nyumbani nikicheka peke yangu. Mama akaniuliza kama nina homa.

Bibi ndiye aliyeninoa. Ujana wake ulikuwa wa taarabu, na kwenye taarabu ya kwao mtu hatukanwi kwa jina. Anaimbwa. Unatungwa ubeti, na ukumbini yule anayeguswa nao, au anayetaka kumgusa mwenziwe, anainuka anacheza polepole mpaka kwa mwimbaji, anamtunza noti, anarudi kitini. Hajasema neno, lakini ukumbi mzima umeshajua.

"Usimtaje," Bibi alisema. "Ukimtaja, umegombana. Ukimwimba, kajitaja mwenyewe."

"Lakini Bibi, yeye Kiswahili hajui. Mshale utampita juu ya kichwa."

Bibi akanitazama kama mtu anayemtazama mwanafunzi mzito. "Kwao hakuna anayejua?"

Kesho yake nikaenda dukani kwao. Ba alikuwa nyuma ya kaunta, sari ya kijivu, sweta juu, anapanga bamia kwa ukubwa kama askari.

"Shikamoo, Ba."

"Marahaba. Umetumwa mung'unye? Mwambie bibi yako leo yote machanga, asinisumbue."

"Sikutumwa. Nimekuja kukualika tamasha la shule."

"Mjukuu wangu kasema pamejaa."

"Nafasi tele, Ba. Kwani hutaki kumwona na banjo?"

Uso ukamng'ara. "Lile gambusi! Kanambia kalifanya mwenyewe, kibuyu, ngozi, kila kitu." Halafu akashika bamia moja, akaitazama. "Na mtoto yule kumenya kitunguu hajui."

Nikasema, "Njoo tu, Ba. Kaa mbele."

Siku ya tamasha Bibi alivaa baibui lake jipya, na shangazi zangu walikuja kutoka Thornton Heath wamejaza manukato ya kuua mbu. Ba alikaa safu ya mbele. Mwizi alipomwona, chaki ingemwonea haya kwa weupe. Alikuwa jukwaani tayari, suti nyeusi, kibuyu changu mapajani, akisubiri zamu yake baada ya zaburi.

Misi akaeleza habari ya shemasi. Akaomba kila mtu asimame na arudie. Nikapanda kijisanduku. Nikatamka mstari wa kwanza wa zaburi kwa Kiingereza, kwa adabu kabisa. Ukumbi ukarudia, vuuu, kama trela linapita. Nikatamka wa pili. Wakarudia. Walikuwa wameshazoea, wamelegea, wamefurahi. Hapo nikavuta pumzi.

"Kibuyu nilikausha, na ngozi nikaiwamba!"

Misi akatikisa kichwa kidogo. Lakini ukumbi ulikuwa umeshaambiwa, na Mwingereza ukimwambia panga foleni anapanga. Wakaimba wote, kwa sauti ya kanisa: kibuyu nilikausha, na ngozi nikaiwamba.

"Jirani kaniondosha, sasa mwenyewe atamba!"

Wakarudia. Shangazi mkubwa akapiga kigelegele. Watu wakadhani nacho kimo kwenye zaburi, wakajaribu.

"Hata ungelikiosha, chanukia kwetu nyumba!"

Mwizi alikuwa anatabasamu, masikini, anatingisha mguu kwa mapigo. Mimi nilikuwa simtazami yeye. Namtazama Ba. Alikuwa ameacha kurudia. Mikono imekaa juu ya mkoba, macho yamekuwa madogo.

"Mwizi hana la kubisha, kibuyu changu chaimba!"

Mkuu wa shule, mtu mwenye tai yenye picha za bata, aliimba mstari huo kwa hisia kali, ngumi kifuani. Mwizi hana la kubisha. Nataka nizikwe na sauti ile masikioni.

Ba akainuka.

Bibi yangu akamshika shangazi mkono, akanong'ona kwa sauti ya watu wote kusikia, "Kaguswa!"

Ba alikuja taratibu, sari ikiburura, mkono mmoja juu, kiuno kikitikisika kidogo tu, kama walivyokuwa wakija wenyewe wenye taarabu yao. Sikujua kama naye alikaa kumbi zile. Akafungua mkoba, akatoa noti, akanichomekea kwenye kola ya shati la shule. Nilidhani imekwisha. Kumbe akageuka, akaukabili ukumbi, na kwa sauti nyembamba ya pua akajibu:

"Mwizi nitamkomesha, nikamfunge kwa kamba!"

Ukumbi, kwa utii, ukarudia.

"Lakini nakukumbusha, kuimba siyo kutamba!"

Huo ulikuwa wangu. Watu mia kadhaa wakanirudishia usoni, na wa kwanza kuinuka kwenda kumtunza Ba, akicheza, akipiga vigelegele, alikuwa Bibi yangu wa damu! Nilimtolea macho. Akaniambia wakati anapita, "Kanishinda kwa ubeti, mwanangu. Haki yake."

Sawa. Lakini Ba hakuwa amemaliza. Alipanda ngazi za jukwaa, akafika kwa mjukuu wake, akakichukua kibuyu kwa shingo. Akaweka pua kwenye tundu, akavuta. Nami pale kwenye kijisanduku nilijua anachokipata: ubani wa Bibi, jioni zote zile. Ba anaujua. Kila Bibi akija kuzozana dukani, unabaki kwenye bamia mpaka jioni.

"Sema," akamwambia mjukuu wake. Kisha akasema tena kwa Kigujarati, na ile ya pili ilikuwa na meno.

Mwizi akasimama. Kwa Kiingereza, chini chini, akasema: "Chombo hiki si changu."

Na ukumbi mzima, walimu, wazazi, mkuu wa shule na tai yake, wakaimba: Chombo hiki si changu.

Alishtuka kama aliyemwagiwa maji. Akawatazama. Wao wakamtazama kwa hamu, wakisubiri mstari unaofuata.

"Sikukitengeneza mimi," akasema.

Sikukitengeneza mimi, wakaitikia. Misi alikuwa amevaa miwani yake yote mitatu.

"Nilisema uongo."

Nilisema uongo. Hiyo waliiimba vizuri kuliko zote, kwa sauti mbili, maana sasa walikuwa wameshika mahadhi. Nikainua mkono kama shemasi mwenye haki zake, nikaomba mstari wa mwisho urudiwe. Ukarudiwa.

Ba akanipa kibuyu. "Haya," akasema. "Chako. Piga."

Hapo ndipo nilipokumbuka kwamba mimi sijui kupiga. Najua sauti tatu, na ya tatu huja ikitaka. Bibi alikuwa amefunga macho tayari. Nikakaa kwenye kiti cha mwizi, ambacho bado kilikuwa na joto lake, nikapiga zile tatu nilizonazo, nikazirudia, nikakaza uzi ambao haukutaka kukazwa, ukatoa mlio wa mbuzi mwenyewe akikumbuka kuchinjwa.

Mwizi alikuwa amesimama pembeni yangu. Ana sikio zuri yule, la fidla, kila uzi ulioteleza niliuona unampita mwilini. Vidole vyake vilikuwa vinajikunja, vinataka kunisahihisha. Ba alikuwa nyuma yake.

"Makofi," Ba akamwambia.

Akapiga makofi. Nami nikaanza tena, kutoka mwanzo.